Mhariri wa Filamu za Hali Halisi: Kazi Yake, Kipato Chake na Dhamana Yake

Mnamo Februari 2020, filamu ya Kenya iitwayo Softie ilipata tuzo maalum ya majaji ya uhariri katika tamasha la filamu la Sundance nchini Marekani. Filamu hiyo inamfuata mwanaharakati Boniface Mwangi na familia yake, hasa alipowania kiti cha ubunge cha Starehe katika uchaguzi wa 2017. Lakini tuzo hiyo haikwenda kwa mhusika wala kwa waliobeba kamera. Ilikwenda kwa watu watatu walioketi mbele ya kompyuta wakichagua kipi mtazamaji akione, akione lini, na kipi asikione kabisa: mwelekezi Sam Soko, ambaye ni Mkenya, pamoja na Mila Aung-Thwin na Ryan Mullins kutoka Canada.

Kazi hiyo ndiyo uhariri wa filamu. Wakazi wengi wanaijua kupitia video za harusi, mazishi na nyimbo za injili zinazotengenezwa katika studio ndogo za mitaani. Ni vijana wachache wanaojua kwamba ujuzi huo, ukikuzwa, unaweza kuwa taaluma katika filamu za hali halisi, zile ambazo wengi huziita dokumentari. Aidha, ni wakazi wachache wanaofahamu kwamba mhariri anaweza kumjengea mtu heshima au kumharibia jina kwa kuhamisha sekunde chache tu.

Makala haya yanaeleza jinsi kazi hii inavyofanywa, njia za kuingia, mambo ya mkataba na ushuru, na haki za mkazi anayepigwa picha.

Hadithi huandikwa mwishoni

Katika filamu ya kuigiza, hadithi huandikwa kwanza. Waigizaji hupewa maneno yao, kisha kamera hufuata. Mhariri hupokea picha zilizopigwa kwa mpango unaojulikana.

Filamu ya hali halisi huenda kinyume. Watu wanaishi maisha yao, kamera inawafuata, na hakuna ajuaye kesho italeta nini. Mvua inaweza kukosa kunyesha. Mgombea anaweza kushindwa. Mzee aliyekuwa nguzo ya hadithi anaweza kufariki katikati ya kazi. Kwa hiyo hadithi yenyewe hupatikana baada ya kupiga picha, na anayeitafuta ni mhariri akishirikiana na mwelekezi.

Mfano mzuri ni Thank You for the Rain, filamu ya 2017 iliyoelekezwa na Julia Dahr wa Norway kwa ushirikiano na Kisilu Musya, mkulima kutoka Kaunti ya Kitui. Musya alipewa kamera akarekodi mwenyewe maisha ya familia yake, ukame, mafuriko na juhudi zake za kuwahamasisha wakulima wenzake, hadi safari yake ya mkutano wa Umoja wa Mataifa kuhusu tabianchi uliofanyika Paris mwaka wa 2015. Picha za mkulima na picha za mwelekezi zililazimika kuunganishwa ziwe simulizi moja. Hakuna mwongozo ulioandikwa mapema ambao ungeweza kufanya kazi hiyo.

Hesabu ndogo inaonyesha uzito wake. Tuseme timu imerekodi saa 100 za video, kiasi ambacho si kikubwa kwa filamu iliyopigwa kwa miaka kadhaa. Mhariri akitazama kwa saa nane kila siku, itamchukua zaidi ya siku 12 za kazi kuzitazama mara moja tu, kabla hajakata chochote. Filamu ikikamilika ikiwa na urefu wa dakika 90, basi katika kila dakika 67 hivi zilizorekodiwa, ni dakika moja tu itakayoonekana. Dakika 66 zilizobaki zimeachwa kwa uamuzi wa mtu.

Hatua za kazi

Kazi ya mhariri hupitia hatua ambazo hazibadiliki sana, iwe filamu ni ya dakika 10 au ya saa mbili.

Hatua ya kwanza ni kupokea na kuhifadhi. Video zikitoka kwenye kamera hunakiliwa kabla ya kadi kufutwa. Kanuni inayofuatwa na wengi ni nakala tatu, katika vifaa vya aina mbili tofauti, na nakala moja ikae mahali pengine kabisa. Diski ikianguka au ofisi ikivunjwa, kazi ya miaka isipotee. Mtoto anaweza kuimba tena wimbo wake, lakini mafuriko yaliyorekodiwa mara moja hayawezi kurudiwa kwa ajili ya kamera.

Hatua ya pili ni kutazama na kunukuu. Kila mahojiano huandikwa neno kwa neno pamoja na saa na dakika yalipotamkwa, ili sehemu yoyote ipatikane haraka. Maneno yaliyosemwa kwa lugha ya mama hutafsiriwa.

Hatua ya tatu ni kupanga. Wahariri wengi huandika kila tukio kwenye kikaratasi na kukibandika ukutani. Vikaratasi huhamishwa juu na chini hadi mpangilio ueleweke: nani anatambulishwa kwanza, tatizo linajulikana lini, na mtazamaji anapewa wakati gani wa kupumua.

Hatua ya nne ni rasimu. Ya kwanza huwa ndefu na nzito, pengine mara mbili au tatu ya urefu unaotakiwa. Hupunguzwa, ikaonyeshwa kwa watu wachache ambao hawajui hadithi, na mhariri hukaa nyuma akiangalia ni wapi wanachoka na ni wapi wanapotea. Baada ya rasimu kadhaa, picha hufungwa. Maana yake ni kwamba urefu na mpangilio hautabadilika tena.

Hatua ya mwisho ni umaliziaji. Sauti husafishwa na kusawazishwa, rangi hulinganishwa, muziki huwekwa, na tafsiri za maandishi huandikwa chini ya picha. Katika filamu kubwa kila jambo hapa lina mtaalamu wake. Katika kazi ndogo, mhariri hufanya yote.

Lugha ya nyumbani ni mtaji

Kijana anayetoka kijijini anaweza kudhani kwamba kazi hii ni ya watu wa Nairobi na ng'ambo. Kuna jambo moja linalompa nafasi ambayo wengine hawana, nalo ni lugha.

Filamu The Letter ya 2019, iliyoelekezwa na Maia Lekow na Chris King, ilipigwa Kaunti ya Kilifi. Inamfuata kijana anayesafiri kutoka mjini kurudi nyumbani baada ya kusikia kwamba nyanya yake, mwenye umri wa zaidi ya miaka 90, anatuhumiwa uchawi na watu wa ukoo wake mwenyewe. Filamu hiyo ilichaguliwa kuwakilisha Kenya katika kinyang'anyiro cha Oscar cha 2021. Mazungumzo mengi ndani yake ni ya Kigiriama na Kiswahili.

Katika mazungumzo ya namna hiyo, mambo mazito husemwa kwa mafumbo. Mzee hatamki neno lenyewe, bali hulizunguka. Methali moja inaweza kuwa pole, onyo au tusi, kutegemea ni nani anaisema na nani amekaa karibu. Mhariri asiyejua lugha husoma tafsiri, na tafsiri humpa maneno bila kumpa kimya kilichofuata. Programu za kompyuta zinazonukuu maneno zimerahisisha kazi ya Kiingereza, ila kwa lugha nyingi za Kenya bado zinahitaji mtu wa kusahihisha.

Ndiyo sababu vijana wengi huingilia mlango wa kunukuu na kutafsiri. Anayefanya kazi hiyo kwa makini huzifahamu video zote, huketi na mhariri, na polepole hujifunza kwa nini sehemu fulani imechaguliwa na nyingine ikaachwa. Kutoka hapo huwa msaidizi wa mhariri, akisimamia diski na mpangilio wa faili, kisha huanza kupewa sehemu ndogo za kukata.

Dhamana kwa anayepigwa picha

Watu walio katika filamu ya hali halisi hawaigizi. Filamu ikiisha wanarudi sokoni, kanisani, msikitini na katika vikao vya ukoo. Kosa la mhariri huwafuata huko.

Kosa hilo si lazima liwe uongo wa wazi. Jibu la swali moja likiunganishwa na swali lingine, mtu anaonekana kukiri jambo ambalo hakuulizwa. Uso wa mama anayetabasamu kwa sababu mtoto amepita, ukiwekwa baada ya habari ya kifo, unamfanya aonekane hana huruma. Sentensi ikikatwa kabla ya neno "lakini", maana yake inageuka. Muziki wa kutisha ukiwekwa juu ya mzee anayetembea taratibu, mtazamaji anamhukumu kabla hajafungua kinywa. Katika maeneo ambako wazee hutuhumiwa uchawi, au ambako jamii mbili zina mgogoro wa ardhi au malisho, uamuzi wa aina hii unaweza kuhatarisha maisha.

Katiba inagusa pande zote mbili. Kifungu cha 33 kinalinda uhuru wa kujieleza, ukiwemo ubunifu wa sanaa, na papo hapo kinamtaka anayetumia uhuru huo aheshimu haki na hadhi ya wengine. Kifungu cha 31 kinalinda faragha. Nayo Sheria ya Kulinda Data ya 2019 inamhakikishia kila mtu ulinzi wa taarifa zinazomtambulisha, na kwa mtoto inahitaji idhini ya mzazi au mlezi. Sheria hiyo inatoa nafasi maalum kwa uandishi wa habari, fasihi na sanaa, lakini nafasi hiyo ina masharti yake.

Kwa sababu hiyo, mkazi anayeombwa kurekodiwa ana haki ya kuuliza kabla ya kukubali:

- Filamu hii inahusu nini, na nani anaigharamia?
- Itaonyeshwa wapi: katika televisheni, kwenye intaneti, nje ya nchi, au hapa kijijini pia?
- Je, nitaonyeshwa sehemu zangu kabla haijatolewa?
- Nikitaka jina au uso wangu usionekane, mtafanya nini?
- Nibadilishe nia yangu, nizungumze na nani, na mwisho wa kufanya hivyo ni lini?

Ukiletewa fomu ya idhini kwa lugha usiyoielewa, usitie sahihi hadi usomewe kwa lugha unayoielewa. Mkazi anayeamini kwamba taarifa zake zimetumiwa vibaya anaweza kuwasilisha malalamiko kwa Ofisi ya Kamishna wa Kulinda Data.

Kwa upande wake, mhariri makini huwa na desturi ya kujiuliza swali moja kila anapofunga sehemu: je, mtu huyu akiketi hapa kando yangu, anaweza kusema "ndiyo, hivyo ndivyo nilivyomaanisha"? Anaweza asipendezwe na kila kitu. Lakini asione maneno yake yamegeuzwa.

Mahali pa kujifunzia

Kifaa cha kwanza si ghali kama inavyodhaniwa. Simu ya kawaida inatosha kujifunza kuchagua na kupanga. Kwa kompyuta, programu ya DaVinci Resolve ina toleo la bure linaloweza kukamilisha filamu nzima, ingawa huhitaji kompyuta yenye nguvu kiasi. Kdenlive pia ni ya bure. Adobe Premiere Pro hulipiwa kila mwezi au kila mwaka, nayo Avid Media Composer hutumika sana katika studio kubwa. Anayeijua vizuri programu moja hujifunza nyingine kwa muda mfupi, kwa kuwa kanuni za kuunganisha picha ni zile zile.

Kwa mafunzo rasmi, Taasisi ya Mawasiliano ya Umma ya Kenya, maarufu kama KIMC, iliyoko Nairobi, imekuwa ikifundisha utayarishaji wa filamu na televisheni kwa miongo mingi. Vyuo vikuu kadhaa vya umma na vya kibinafsi pia vinafundisha. Hazina ya Docubox, iliyoanzishwa na mtayarishaji filamu Judy Kibinge, hutoa ufadhili na mafunzo kwa watengenezaji wa filamu za hali halisi katika Afrika Mashariki. Tume ya Filamu ya Kenya ndiyo taasisi ya serikali iliyopewa jukumu la kukuza sekta hii.

Chini ya Jedwali la Nne la Katiba, vyuo vya ufundi vya mashinani, maktaba, pamoja na sinema na maonyesho ya video ni majukumu ya serikali za kaunti. Wakazi wanaotaka mafunzo ya video yaanzishwe au yaimarishwe katika chuo cha ufundi kilicho karibu nao wanaweza kuwasilisha pendekezo hilo katika vikao vya umma vya bajeti, jinsi wanavyofanya kuhusu barabara na zahanati.

Mkataba, hakimiliki na ushuru

Wahariri wengi hawaajiriwi. Hupewa kazi moja moja, na hulipwa kwa siku, kwa wiki au kwa mradi mzima. Malipo ya mradi ndiyo yanayoleta ugomvi mwingi. Mhariri hukubali kiasi fulani akidhani ni kazi ya mwezi mmoja, mteja akarudi na marekebisho ya mwezi wa pili na wa tatu, na fedha ni zile zile. Mkataba mzuri unataja mambo haya: tarehe ya kuanza na kumaliza, idadi ya rasimu na marekebisho yaliyomo katika bei, malipo ya kila rekebisho la ziada, kiasi cha kutangulizwa, ni nani anayenunua diski, na jina la mhariri litaandikwaje mwishoni mwa filamu.

Hakimiliki nayo haieleweki na wengi. Kwa mujibu wa Sheria ya Hakimiliki ya Kenya, kazi iliyoagizwa na mteja au iliyofanywa chini ya mwajiri huhesabiwa kuwa hakimiliki yake imehamia kwa mteja au mwajiri huyo, isipokuwa pande mbili zikubaliane vinginevyo. Kwa hiyo mhariri asiyeandika lolote hawezi kusubiri mgao filamu ikiuzwa baadaye. Anayetaka sehemu ya mapato, au ruhusa ya kuonyesha kazi hiyo kama kielelezo anapotafuta kazi nyingine, aandike hivyo mapema. Muziki pia una mwenyewe. Wimbo uliopakuliwa kwenye simu hauwi wa bure kwa sababu hiyo, na tamasha au kituo cha televisheni kinaweza kuikataa filamu isiyo na kibali cha muziki.

Mkazi wa Kenya anayelipwa ada ya kitaalamu hukatwa asilimia 5 ya ushuru wa zuio na anayemlipa. Mhariri anapaswa kupata cheti cha makato hayo, kwa kuwa kiasi hicho huhesabiwa anapowasilisha taarifa yake ya mapato kwa KRA kabla ya Juni 30 kila mwaka. Asiyetunza vyeti huweza kujikuta akilipia alichokwisha kukatwa.

Hatimaye, filamu inayokusudiwa kuonyeshwa kwa umma husimamiwa na Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, inayohitaji leseni ya kupiga filamu na uainishaji wa Bodi ya Kuainisha Filamu. Ni jukumu la mtayarishaji, lakini mhariri akiuliza mapema huepuka kukata filamu ambayo haitaonyeshwa.

Soko liko wapi?

Filamu ndefu za tamasha ni chache na huchukua miaka. Wahariri wengi huishi kwa kuchanganya: filamu fupi za mashirika, vipindi vya televisheni, video za mafunzo ya kilimo na afya, na kumbukumbu za shughuli za vyama vya ushirika, shule na makanisa. Kazi hizo ndizo zinazolipa kodi ya nyumba huku filamu kubwa ikiendelea.

Taasisi za serikali, zikiwemo za kaunti, nazo hununua huduma za video. Sheria inatenga asilimia 30 ya zabuni za umma kwa makampuni ya vijana, wanawake na watu wenye ulemavu. Ili kushindania nafasi hizo, kijana anahitaji kusajili biashara yake, kuwa na nambari ya PIN ya KRA na cheti halali cha kulipa ushuru, kisha kujisajili katika mpango wa AGPO. Usajili hufanywa kwa njia ya mtandao, na maafisa wa vituo vya Huduma wanaweza kumwelekeza asiyejua pa kuanzia.

Ugumu wa kazi

Ni kazi ya kukaa. Mgongo na macho huumia, na umeme ukipotea bila kuhifadhi, kazi ya asubuhi nzima hupotea. Pia ni kazi ya upweke, ambapo mtu hutazama kilio kile kile mara 40 ili kupata mahali panapofaa kukikata. Wanaohariri habari za ghasia, njaa au dhuluma kwa watoto hubeba picha hizo hadi nyumbani. Wazoefu hushauri kutazama video nzito mchana badala ya usiku, kuzima sauti pale isipohitajika, na kuzungumza na mtu mapema.

Kwa anayetaka kuanza

- Chagua mtu mmoja unayemfahamu, kwa mfano fundi wa baiskeli, mkunga wa jadi au mvuvi, na umwombe ruhusa ya kumrekodi akifanya kazi yake kwa siku moja.
- Nakili video mahali pawili kabla ya kufuta simu.
- Andika kila alichosema, pamoja na dakika alipolisema.
- Kata filamu ya dakika tatu. Iache siku mbili, kisha ikate hadi dakika mbili.
- Mwonyeshe mtu ambaye hamfahamu mhusika, na umwombe akusimulie alichoelewa.
- Mwonyeshe mhusika mwenyewe kabla ya mtu mwingine yeyote kuiona mtandaoni. Akisema hakumaanisha hivyo, rudi kwenye video zote, utafute alichomaanisha.